Namwonea wivu kijana niliyemfunza kushona

Shangazi, shikamoo. Mimi ni fundi cherehani, nina miaka 68. Juzi binti yangu aliniwekea filamu ya Korea, Eungyo, ya mwaka 2012: mshairi wa miaka 70, mwanafunzi wake, na msichana wa shule anayekuja kusafisha nyumba. Mzee anatamani ujana. Mwanafunzi anaiba hadithi yake. Mama watoto aliniuliza mbona nalia. Sikumjibu. Siku hizi tundu la sindano silioni, na kijana niliyemfundisha kushika mkasi ndiye anayeulizwa na wateja. Wiki jana mmoja alitaka suti yake ikatwe naye. Nikamwambia mteja kwamba kijana huyo aliwahi kuharibu kitambaa cha watu. Ni uongo. Nifanyeje?
Fundi, Kariokor

Marahaba, Mzee. Nimeitazama filamu hiyo mara mbili, ya pili kwa hasira. Msichana ana miaka 17. Hapa Kenya huyo ni mtoto, na tamaa ya mtu mzima kwake siitetei hata ikivishwa ushairi.

Lakini wewe hukumlilia msichana. Nadhani ulilia pale mzee anaposimama kwenye sherehe ya mwanafunzi wake na kusema ujana wa vijana si tuzo ya juhudi zao, wala uzee wake si adhabu ya kosa lake. Mimi hapo niliizima kwanza. Nina miaka 66, na kila nikipanda matatu, kondakta akigonga bodi, mimi humwambia "samahani mwanangu" kana kwamba magoti yangu yamemkosea.

Sasa sikia. Park Hae-il, aliyeigiza mzee yule, alikuwa na miaka kama 35 tu. Mikunjo ile alibandikwa. Uzee uliokuliza ni wa kukisia, na anayeukisia hajui vidole vyako vinavyotambua kitambaa kinavutika upande gani kabla chaki haijakigusa. Mwanafunzi yule hakuiba kwa sababu mzee amekwisha. Aliiba kwa kuwa mkono wa mzee hakuwa nao. Kijana wako umewahi kumwuliza anatamani nini kwako?

Mpigie mteja leo, umwambie ulidanganya. Itakuchoma, najua. Kisha mwite kijana, mweleze kwa kinywa chako ulilosema juu yake, asilisikie sokoni Gikomba. Akikusamehe, akutungie uzi nawe umkatie kola ile ngumu mbele ya macho yake.

Na mama watoto bado anangoja jibu.