PS4 Imejaa? Futa Kinachorudi, Linda Kisichorudi

Mama mmoja jirani yetu hapa Tudor, Mombasa, aliniita nimtazamie PS4 (PlayStation 4, mashine ya gemu) ya wanawe. "Mwanangu, mashine hii imezeeka. Watoto wanataka gemu mpya, kila wakijaribu inakataa. Nitafute nyingine?" Nikamwambia, "La, mama, haijazeeka. Imejaa tu." Mtaani kwetu nimekuwa mtu wa kuitwa PS ya mtu inapokataa gemu, na karibu kila nyumba nakuta hali ileile: wenye mashine wameshaanza kufuta, ila wamefuta vile visivyofaa kufutwa. Wameacha video za magoli za mwaka juzi, wakafuta msimu wa ukocha ndani ya gemu ambao kijana aliujenga kwa miezi. Ndiyo maana nimeona niandike.

Tuanze na hesabu. PS4 ilitoka mwaka 2013, na nyingi zilizopo mtaani ni za GB 500. Mfumo wenyewe unakata fungu lake, unabakiwa na kama GB 400 hivi za kutumia. Gemu moja ya mpira inaondoka na GB 40 au zaidi. GTA V peke yake inakaribia GB 100 ukishaweka masasisho yote. Call of Duty za miaka ya karibuni zinapita hapo. Weka gemu tano au sita za aina hiyo, nafasi imekwisha.

Wengi huniuliza, "Lakini mimi nacheza kwa CD, kwa nini ijae?" PS2 ilikuwa inaisoma CD moja kwa moja. PS4 haifanyi hivyo. CD ikiingia, gemu yote inanakiliwa kwenye diski ya ndani, na baada ya hapo CD inabaki kuwa ya kuthibitisha kwamba gemu ni yako. Kwa hiyo hata kama hujawahi kupakua kitu kwenye intaneti, CD zako zimejaza mashine vilevile.

Ukifungua Settings, ukaingia Storage, kisha System Storage, utaona kila kitu kimegawanywa: gemu upande wake, picha na video upande wake, sevu upande wake. Kaa hapo utazame kabla hujafuta chochote. Mimi najiuliza swali moja kwa kila kitu ninachokiona: nikikifuta hiki, kitarudi? Na kikirudi, kitanigharimu bando kiasi gani?

Sevu ndizo za kulindwa kuliko vyote. Sevu ni ile kumbukumbu ya ulipofika: msimu wako wa ukocha, misheni ulizomaliza, wachezaji uliowanunua. Ukubwa wake ni mdogo mno, mara nyingi ni MB chache tu, kwa hiyo ukizifuta zote hutapata nafasi ya kuweka hata nusu ya gemu moja. Na ukiifuta bila nakala, imekwenda. Hakuna duka linalouza msimu wako. Jambo la kufurahisha ni kwamba PS4 inaweka sevu mbali na gemu. Ukifuta FIFA leo, sevu yake inabaki palepale, na ukiirudisha gemu baada ya miezi utaendelea ulipoachia. Nimeona vijana wakiogopa kufuta gemu wasiyoigusa kwa sababu ya sevu, na hofu hiyo haina msingi.

Tofautisha pia kilicho kwenye mashine yako na kilicho kwenye seva za kampuni, yaani kompyuta zao za mtandaoni. Ukicheza Ultimate Team, ile timu ya mtandaoni ndani ya FIFA, timu yako iko kwenye seva za EA waliotengeneza FIFA, itakufuata popote utakapoingia na akaunti yako. Lakini Career Mode, ule msimu wa ukocha, iko ndani ya mashine hiyo tu. GTA Online, upande wa mtandaoni wa GTA V, iko kwenye seva za Rockstar walioitengeneza. Hadithi ya GTA V iko kwako. Kwa hiyo kabla ya kugusa kitu, chukua flashi ya kawaida iliyofomatiwa FAT32 au exFAT, ichomeke, nenda Settings, Application Saved Data Management, chagua sevu zilizo kwenye mashine, kisha nakili kwenye USB. Flashi ndogo kabisa inatosha sevu za nyumba nzima. Kila mtu aingie na jina lake anakili zake, kwa sababu mashine inamwonyesha kila mtumiaji sevu zake mwenyewe tu. Wenye kulipia PS Plus wanaweza kuzipandisha mtandaoni, lakini hata hao nawashauri wawe na flashi.

Hapa kuna mtego mmoja ambao nausema kwa herufi nzito kila ninapokwenda. Majumbani mwetu PS haina mwenyewe mmoja. Binamu alikuja likizo kutoka Malindi akafungua jina lake, rafiki wa kaka akafungua lake, mpaka orodha ikawa ndefu. Mtu anaiona ile orodha anasema, "Hawa hawapo tena, niwafute nipate nafasi." Ukimfuta mtumiaji, sevu zake zote na picha na video zake zinafutika pamoja naye. Na nafasi utakayopata ni kidogo, kwa sababu gemu zenyewe ni za mashine nzima na hazimfuati. Mpigie simu binamu kwanza.

Sasa vya kufuta. Anza na video na picha, bila huruma. PS4 inarekodi mchezo wako muda wote kwa siri yake, na ukibonyeza SHARE inaweza kuhifadhi dakika 15 za mwisho. Mtoto akishajua kitufe hicho, kila goli linakuwa video. Tena kila ukishinda kombe (trophy, tuzo inayotolewa na PlayStation yenyewe), mashine inapiga picha yenyewe. Ingia Capture Gallery, zile unazozipenda zinakili kwenye flashi, zilizobaki futa. Kisha nenda kwenye mipangilio ya kushiriki uzime ile ya kupiga picha za makombe, usije ukarudi palepale.

Baada ya hapo ni gemu, na hapo ndipo bando linapoingia. Mwenye waifai ya nyumbani isiyo na kikomo anaweza kufuta na kupakua apendavyo. Mwenye kutegemea simu anajua GB 50 ni pesa gani. Kwa hiyo mimi nazipanga hivi: gemu ya CD inarudi bure, isipokuwa masasisho yake, gemu iliyopakuliwa inarudi yote kwa bando. Anza kufuta za CD, hasa zile zisizohitaji sasisho kubwa ili zicheze. Iliyopakuliwa iache mpaka uwe umekwama kabisa, au hamisha badala ya kufuta, nitaeleza chini.

Gemu za mpira ndizo zinazojaza mashine za Mombasa kuliko kitu kingine. Kila mwaka inatoka mpya, na ya zamani haiondolewi. Nimefungua mashine nikakuta FIFA 19, FIFA 21, FIFA 22 na FC 24 (FIFA yenye jina jipya) zimelala pamoja, na inayochezwa ni moja. Msimu wa ukocha wa FIFA 21 haufunguki ndani ya FIFA 22, kwa hiyo kama kuna mtu bado anaupenda ule wa zamani, aumalize au aweke sevu kwenye flashi, CD irudi kwenye kasha lake, gemu itoke. Akiitamani baadaye, ataiweka tena kutoka kwenye CD. Kwa maoni yangu nyumba yenye PS4 ya GB 500 haina haja ya zaidi ya gemu mbili za mpira kwa wakati mmoja: moja ya ushindani na marafiki wanapokuja, na moja ya mwenye mapenzi nayo.

Kuna jambo linalowachanganya watu sana, nami nataka nilieleze vizuri. Gemu inaomba sasisho la GB 2. Unaangalia nafasi, una GB 20. Bado mashine inasema haitoshi. Mtu anadhani imeharibika. Kumbe PS4 ikiweka sasisho haiigusi gemu ya zamani papo hapo; inatengeneza nakala ya gemu pembeni, inaichanganya na sasisho, ikimaliza salama ndipo inaondoa ya zamani. Gemu ya GB 60 inaweza kuhitaji karibu GB 60 nyingine tupu hata kama sasisho ni dogo. Ndiyo sababu ya ule ujumbe wa kunakili unaochukua muda mrefu baada ya kupakua kwisha. Ukilijua hili utabadilisha namna unavyoishi na mashine: usiijaze mpaka ukingoni, acha wazi nafasi inayolingana na gemu yako kubwa kuliko zote. Ukikwama leo na gemu yenyewe ni ya CD, ifute gemu (sevu inabaki, kumbuka), iweke upya, ipokee sasisho ikiwa nafasi ipo.

Kuhamisha ni suluhisho ninalolipenda zaidi. Tangu mfumo wa 4.50 wa mwaka 2017, PS4 inakubali diski ya nje. Masharti yake: iwe USB 3.0 au zaidi, isipungue GB 250, isizidi TB 8, na ichomekwe kwenye mashine moja kwa moja bila kugawanya tundu kwa habu. Mashine itaifomati na kufuta kila kilichomo, kwa hiyo picha za harusi ziondolewe kwanza. Na ikishafomatiwa, kompyuta haitazisoma faili zake tena. Kisha unachagua gemu, unabonyeza OPTIONS, unaihamisha. Gemu inachezeka kutoka hukohuko nje. Ya CD bado itataka CD yake. Sevu hazihami, zinabaki ndani, kwa hiyo ile nakala ya flashi bado ina kazi. Siku ukijaliwa PS5, diski hiyohiyo utaichomeka na gemu zako za PS4 zitachezeka, pesa yako haijapotea.

Si lazima ununue mpya. Mafundi wa laptopu mjini, upande wa Digo Road na Moi Avenue, huwa na diski za inchi 2.5 zilizotolewa kwenye laptopu za zamani. Ukipata ya GB 500 iliyo nzima na kasha lake la USB 3.0, umepata karibu mashine ya pili. Mwombe fundi aipime afya yake kwenye kompyuta mbele yako kabla hujalipa. Na jihadhari na flashi zinazouzwa kama TB 2 kwa bei ya sahani ya biriani. Zimedanganywa ndani: zinajitangaza kubwa, ukizidisha kiasi kidogo cha kweli zinaandika juu ya kile cha mwanzo, na gemu inaharibika bila kukuambia. Kwenye kompyuta ya Windows kuna programu ya bure iitwayo H2testw, inajaza kifaa chote na kukisoma tena. Kama ni cha uongo, itakionyesha.

Umeme pia. Ukipotea katikati ya kuhamisha, mashine ikiwaka italalamika na kuanza kuikagua diski. Mara nyingi inapona, lakini usizoee. Fanya kazi ya kuhamisha wakati umeme umetulia, na ukitaka kuichomoa diski ingia Settings, Devices, USB Storage Devices, uisimamishe kwanza. Usiruhusu mtoto aichomoe tu kwa sababu anataka kuchaji padi.

Ukishafuta vingi na menyu ikawa nzito, izime mashine kabisa, kisha shikilia kitufe cha kuwasha mpaka isikike mlio wa pili, unganisha padi kwa kebo, uchague Rebuild Database. Haifuti gemu wala sevu, inapanga orodha upya. Soma vizuri kabla ya kubonyeza, kwa sababu kwenye menyu hiyohiyo, chini kidogo, kuna machaguo yanayofuta kila kitu.

Wengine watapenda kubadilisha diski ya ndani yenyewe. Inawezekana, na Sony waliitengeneza mashine mtumiaji aweze kuifanya: kifuniko kimoja na skrubu chache. Diski iwe ya SATA, inchi 2.5, unene usizidi milimita 9.5, hapo ndipo watu wanakwama, maana diski nyingi za TB kubwa ni nene na haziingii. Utahitaji pia flashi yenye faili kamili la mfumo kutoka tovuti ya PlayStation, lile la kuweka upya na siyo lile dogo la sasisho, likiwa limeitwa PS4UPDATE.PUP ndani ya folda UPDATE, nayo iwe ndani ya folda PS4, majina yote kwa herufi kubwa. Diski ikiwa SSD, ile ya kasi isiyozunguka, gemu zinafunguka upesi zaidi. Lakini kama lengo ni nafasi tu na una bajeti ya kitu kimoja, nunua ya nje kwanza. Haihitaji bisibisi, na sevu zako hazisogei kutoka zilipo.