Muulize Mama Kamati: Harusi klabuni, na ndafu itapita getini?

SWALI: Shikamoo Mama Kamati. Naolewa Jumamosi ya pili ya Desemba hapa Moshi, Mungu akipenda. Kamati ilishaelekea kwenye ukumbi wa kawaida wa mjini, ila baba mdogo wa mchumba wangu ni mwanachama wa klabu moja ya gofu, na anasema atatuchukulia bustani yao kwa bei ya mwanachama. Nimepaona mara moja, ni pazuri mno, majani kama zulia na Mlima nyuma. Baba yangu hataki. Anasema kule ni kwa wakubwa, ndugu zake wa Rombo hawatajisikia nyumbani. Kadi tumechapa 190. Meneja anataka advansi kabla ya Ijumaa ijayo. Nifanyeje?
Bibi harusi mtarajiwa, Soweto, Moshi

JIBU: Marahaba mwanangu, na hongera.

Baba yako ana hoja, ila ameishika kwa upande mwepesi. Watu wa Rombo watajisikia nyumbani popote penye ndafu, yule mbuzi mzima wa kuchoma, na shangazi zao. Kazi ni kujua kama hiyo ndafu itapita getini.

Nimekuwa mweka hazina wa kamati za harusi zaidi ya kumi, na ile ambayo bado inaniuma ilikuwa Arusha, kwenye klabu ambayo sitaitaja. Tulilipa kila kitu mapema. Saa moja na nusu usiku ndafu ikafika kutoka kwa mchoma ndafu wetu, imelala kwenye sinia nyuma ya Noah, majani mdomoni, bado inatoa moshi. Mlinzi akasema chakula cha nje hakiingii. Matarumbeta nayo yalikuwa yamezuiwa tangu saa kumi na mbili. Vijana wamekaa juu ya pikapu yao barabarani, tuba imelazwa mapajani kama mtoto. Mimi na mwenyekiti tulisimama getini dakika arobaini tukipigia watu simu, maharusi ndani wanasubiri kukata kitu ambacho hakipo. Ndafu ilipoingia ilikuwa ya baridi, na mafuta yameganda mgongoni. Halafu kumbe kanuni yote ilikuwa imeandikwa ukurasa wa pili wa ile karatasi, na aliyeisaini ni mwanachama aliyetudhamini. Sisi hatukuisoma. Yeye pia hakuisoma.

Hapo ndipo klabu inapoachana na ukumbi. Ukumbi ukishaulipia, usiku huo ni wako. Klabu ni nyumba ya wanachama. Wewe ni mgeni wa mgeni. Kwa kawaida anayebanwa ni mwanachama: kikivunjika kioo, gari likipita juu ya majani ya gofu, MC akizidisha saa, ankara inakwenda kwa baba mdogo na barua ya kujieleza inaandikwa kwa jina lake. Kwa hiyo kabla ya meneja, kaa na baba mdogo. Mwombe, kwa adabu, akuletee kanuni zote kwa maandishi, na akubali kuwepo siku hiyo tangu hema linasimamishwa mpaka kiti cha mwisho kinabebwa. Akisema atapita tu jioni, basi hujapewa klabu, umepewa deni.

Sasa fedha. Kadi 190 si watu 190. Wangapi mmewapa double, yaani kadi moja ya watu wawili? Kama ni nusu, tayari unalisha watu 285, na Kosta ya Rombo bado haijapita Himo na wale ambao hawana kadi kabisa lakini huwezi kuwarudisha. Ukumbini watu hao wanabanana na maisha yanaendelea. Klabu nyingi zinapika zenyewe na zinahesabu kwa sahani, na getini kuna orodha ya majina.

Vinywaji ndiyo donda lenyewe. Kamati zetu zimezoea kununua kreti za bia na soda kwa bei ya jumla, chupa tupu na kreti zisizofunguliwa zinarudi Jumatatu. Klabuni utanunua kwa bei ya baa yao, au utalipa ada kwa kila kreti unayoingiza. Hiyo bei ya mwanachama anayoisema baba mdogo, muulize inagusa nini: bustani peke yake, au na sahani na chupa? Nimeona mara mbili ikiwa bustani peke yake. Na mbege ya wazee, ile pombe yetu ya ndizi, usisahau kuiulizia kwa jina lake, maana kwenye orodha ya baa haitakuwepo.

Kuhusu Desemba: ndio mwezi Wachaga wote wamerudi nyumbani, na wanachama nao wana sherehe zao za mwisho wa mwaka, kwa hiyo iandikwe kwamba tarehe yenu haisogezwi. Mvua za vuli huenda bado hazijaisha, bei ya hema iingie kwenye hesabu tangu leo. Mlima usiuweke kwenye bajeti. Kibo, kilele chake, hujifunika mawingu mchana wakati wowote anaotaka. Na advansi isitoke kabla parokia au usharika wenu haujaiandika tarehe kitabuni. Sheria ya Ndoa ya 1971 yenyewe inataka notisi ya siku 21, ila kwa Desemba, kanisa hujaa mapema kuliko hapo.

Ungekuwa binti yangu ningefanya hivi: sherehe ukumbini, ndafu, matarumbeta, Rombo nzima. Klabuni mwende maharusi, wasimamizi na wazazi, watu kama ishirini, mkitoka kanisani, mpige picha na mnywe chai kwa jina la baba mdogo. Ataheshimika, na hatapata barua. Lakini kama kanuni zinaruhusu ndafu, matarumbeta na Kosta, na hesabu ya sahani 300 inabebwa na fedha zilizoko mkononi, siyo ahadi za kwenye daftari, chukua bustani na mimi nitakuja kula.

Jumamosi hii nenda ukapaone tena, saa kumi na mbili jioni. Mchukue baba yako. Na uvae viatu vile vile vya siku hiyo, utembee navyo kwenye hayo majani kama zulia.