Re: Kitabu cha reli kinachoongelea na madereva

Mkuu umeuliza kitabu cha historia ya reli kisichoishia kwenye injini na miaka tu, unataka na watu wenyewe, madereva, wachochea makaa, wale wa signali. Mi nakwambia anza na Red for Danger cha L.T.C. Rolt, cha 1955. Ni cha ajali, ndio, ila usikikimbie, maana ajali ndo inakuonyesha kazi ya kila mtu ilivyokuwa na nani alikuwa amebanwa na nini. Chukua ile ya Armagh, Ireland, 1889: treni imeshindwa kupanda mlima, wakaamua kuikata vipande viwili, mabehewa ya nyuma yakaserereka yakaenda kugonga treni iliyokuwa inafuata, watu 80 wakafa, na mwaka huohuo ikaja sheria ya kulazimisha breki zinazojishika zenyewe treni ikikatika. Soma ile sura taratibu.

Ukitaka picha ya dunia nzima kipo Blood, Iron & Gold cha Christian Wolmar, kizuri, ila kinapita haraka haraka na mtu mmojammoja humsikii sana. Mi ningekiweka cha pili.