Umeipima au umeijaribu? Na hiyo "waya" ni ipi?

Msomaji wetu mmoja, fundi wa mitandao ya kompyuta, anauliza: "Nikimaliza kutengeneza kebo ya intaneti kwa mkono, niseme nimeijaribu au nimeipima? Wenzangu husema 'nimetesti waya, uko sawa.'"

Umeipima. Daktari hupima damu, nawe unachomeka ncha mbili za kebo kwenye kifaa, unatazama taa zikiwaka kwa zamu, moja hadi nane. Huko ni kupima. Kujaribu kunakuja baadaye, unapoichomeka kwenye kompyuta uone kama intaneti inapita. Ila kupima ni kutafuta urefu pia, na kebo hii haitakiwi kuzidi mita 100, kwa hiyo ukikusudia mita sema "nimepima urefu". Kifaa chenyewe mafundi wanakiita testa, jina walilolizoea tangu kwenye umeme, basi libaki. "Kutesti" sikuoni kazi yake wakati kupima kupo.

Lakini kinachonikera katika sentensi ya wenzako ni hiyo "waya". Waya gani?

Kile kirefu chenye ganda la plastiki ni kebo. Ndani yake mna nyaya nane, kila mmoja na rangi yake. Nyaya hizo zimesokotwa mbili mbili, na kila mbili ni jozi. Vitu vitatu, majina matatu: waya na kebo tumeyatoa kwa Waingereza, jozi kwa Waarabu, na yote ni yetu siku nyingi. Halafu anakuja mtu anayatupa mawili, analibebesha "waya" mzigo wote, na kumwelekeza mwanafunzi hivi: "Menya waya, nyoosha waya, panga waya, kata waya, ingiza waya kwenye plagi, bana waya." Akate nini huyu kijana? Kinachomenywa ni kebo. Zinazonyooshwa, kupangwa na kukatwa ncha zilingane ni nyaya. Kinachobanwa kwa koleo ni plagi, ile ncha ya plastiki inayochomekwa kwenye kompyuta. Kijana akikata kebo nzima baada ya kupanga rangi zote, kosa ni la aliyemfundisha. Na wala msiniletee "mawaya". Waya ukiwa mmoja, nyaya zikiwa nyingi, basi.

Hasara kubwa zaidi iko kwenye jozi. Mpangilio wa rangi kwenye plagi unaotumika sana, uitwao T568B, unaanza na nyeupe-chungwa, chungwa, nyeupe-kijani. Kisha buluu na nyeupe-buluu, ndipo kijani. Mwisho nyeupe-kahawia na kahawia. Tazama kijani: jozi yake imekaa nafasi ya 3 na ya 6, buluu imeingia katikati. Asiyejua habari ya jozi anaona hilo ni fujo, anapanga rangi zifuatane: chungwa zote, kijani zote, buluu zote, kahawia zote, ncha zote mbili vilevile. Anachomeka testa. Taa nane zinawaka kwa mpangilio, anasema "waya uko sawa". Hauko sawa! Mtandao wa megabiti 100 kwa sekunde unatuma na kupokea kwa nafasi za 1 na 2, na za 3 na 6. Kwenye kebo yake nafasi ya 3 ni ya kijani, ya 6 ni ya buluu, nyaya mbili ambazo hazikusokotwa pamoja. Kusokotwa ndiko kunakozuia mawimbi ya jozi moja kuingilia ya nyingine. Kebo ikiwa ndefu, intaneti itasuasua au itakatika, na fundi atalaumu kompyuta. Testa ya bei nafuu inaangalia tu kama kila waya umefika upande wa pili; haijui nani kasokotwa na nani. Mueleze kosa hili mtu ambaye kwake kila kitu ni waya, utakesha. Anayelijua neno jozi utamwambia "nafasi ya 3 na ya 6 hukuzipa jozi moja", naye atakata plagi aanze upya.

Kwa hiyo, ndugu fundi, ukimkabidhi mteja kazi yake mwambie: "Kebo nimeipima, nyaya zote nane zinapitisha, na jozi nimezikagua kwa macho kabla ya kubana plagi." Wenzako wakiendelea na "waya uko sawa", waulize upi kati ya nane.