Misimbo ya majeraha ya kung'atwa: majibu ya maswali yenu

Karibu barua zote safari hii zimetoka kwa Waswahili wanaosimba mafaili ya hospitali Marekani, yaani kuyapa magonjwa na majeraha misimbo, kwa ICD-10-CM, orodha ya misimbo ya huko. Moja imetoka Baringo, Kenya, na nimeipa nafasi yake.

Mwalimu, mama mmoja aling'atwa na mbwa kiganjani, mkono wa kulia, miaka mitatu iliyopita. Sasa vidole havinyooki, daktari ameandika ni mkakamao wa viungo kutokana na jeraha lile. Nilianza na msimbo wa mbwa, W54.0S, dai la bima likarudi. Nimekosea wapi? (Dallas)

Pawili, ndugu yangu. Mama huyu hakuja kwa sababu ya mbwa. Amekuja kwa sababu hawezi kunyoosha vidole, basi vidole ndivyo vitangulie: M24.541, mkakamao wa mkono wa kulia. Kisha jeraha lililouleta, S61.451S. Mbwa anakuja mwisho.

Kosa la pili ni la kuhesabu. Ile S ya mwisho, inayosema haya ni madhara yaliyobaki, lazima ikae nafasi ya saba. W54.0 inajaza nafasi nne tu, kwa hiyo unajaza pengo kwa X mbili: W54.0XXS. Ukiruka hizo X, msimbo huo haupo na kompyuta ya bima itaukataa. Na usiibandike S kwenye M24.541, hiyo ni ya jeraha na ya chanzo chake. Wala usiandike tena mahali alipong'atiwa: misimbo ya Y92 hutumika mara moja tu, kwenye matibabu ya mwanzo.

Je, kuna ukomo wa muda? Nina mgonjwa mwenye kovu la tangu utotoni.

Kwa ICD-10-CM hakuna. Kovu la miaka 20 linaandikwa sawa na la miezi minane: L90.5, msimbo wa kovu, kwanza, au L91.0 likiwa keloidi, yaani kovu lililovimba, halafu jeraha na chanzo vyenye S.

Kinachonisumbua mimi si muda, ni uhusiano. Mara nyingi faili linasema juu "aling'atwa na mbwa akiwa mtoto", na chini kabisa "kovu gumu mguu wa kushoto, linauma". Wewe unaona wazi hadithi ni moja. Lakini daktari hajaiunganisha, na kazi ya kuiunganisha si yako. Mwandikie umuulize. Maneno mawili tu, "kutokana na", yanatosha kubadilisha faili zima. Najua foleni ni ndefu na daktari hapendi kusumbuliwa; muulize hivyo hivyo, maana mgonjwa ndiye atakayebeba hasara ya kubahatisha kwako.

Amekuja kutolewa nyuzi, na wiki hiyo hiyo dozi ya siku ya 14 ya chanjo ya kichaa cha mbwa. Niweke S?

Hapana. Kidonda bado kinapona, kwa hiyo ni D, herufi ya kufuatilia jeraha linaloendelea kupona. Chanjo nayo ni kinga baada ya kung'atwa, inaambatana na Z20.3, msimbo wa kukaribiana na kichaa cha mbwa. S ingoje mpaka jeraha lenyewe liishe na libakize kitu.

Hospitali yetu hapa Kenya inatumia ICD-10 ya WHO, Shirika la Afya Duniani. Mzee alikatwa mguu chini ya goti baada ya kuumwa na kifutu miaka mingi iliyopita. Anasema vidole ambavyo havipo vinamchoma usiku. (Baringo)

Mwamini, na mwandike. Maumivu hayo yana msimbo wake, G54.6, na ndiyo yaliyomleta, hivyo yatangulie. Z89.5 inaonyesha mguu uliokatwa. Ila huku kwenu hakuna S ya nafasi ya saba: madhara ya sumu ya nyoka yaliyobaki yanaingia T97, na ajali yenyewe Y86. Kitabu cha WHO pia kinahesabu kuwa madhara yaliyobaki yale yanayoonekana mwaka mmoja au zaidi baada ya tukio.

Tafadhali usiishie kwenye Z89.5. Mwaka 2017 WHO iliweka sumu ya nyoka katika magonjwa ya kitropiki yaliyosahauliwa, na mwaka 2019 ikajiwekea lengo la kupunguza vifo na ulemavu wake kwa nusu ifikapo 2030. Ukiandika mguu uliokatwa peke yake, yule nyoka hayumo katika takwimu, na mzee wako amehesabiwa kama mtu aliyepoteza mguu kwa sababu isiyojulikana.

Mtoto alipona kabisa, hana hata alama, lakini akisikia mbwa akibweka anajikojolea. Hilo nalo ni la kusimba?

Ni la kusimba, daktari akishalipa jina. Akiandika ni hofu ya wanyama iliyotokana na kung'atwa kule, F40.218 inatangulia, jeraha na W54.0XXS vinafuata. Ngozi imepona, lakini mtoto bado anatibiwa kwa ajili ya siku ile.