Maswali ya wasomaji: bili za joto Marekani na msaada wa serikali

Barua nyingi za mwezi huu zimetoka kwa wasomaji wetu wa Marekani, familia kutoka Kongo, Burundi na Kenya zilizohamia majimbo yenye baridi kali. Karibu zote zinagusa LIHEAP, mpango wa serikali kuu ulioanza mwaka 1981 kusaidia kaya zenye kipato kidogo kulipia joto la nyumba. Watu wa ofisini hutamka "lai-hipu". Ukitaja herufi moja moja kwenye simu huenda wasikuelewe. Fedha hutoka Washington, lakini kila jimbo hupanga tarehe, viwango na fomu zake, kwa hiyo aliyopewa mwenzako wa Ohio usiyadai Iowa.

Habari za kazi, wahariri. Tuko sita nyumbani, mume wangu yuko kiwanda cha nyama, mimi sina kazi. Bili ya gesi na umeme imetushinda. Jirani anasema serikali hulipa. Ni mkopo? Naanzia wapi?
*Mama wa watoto wanne, Des Moines, Iowa*

Si mkopo, mama, hamtadaiwa baadaye. Kwa kawaida pesa hazipiti mkononi mwenu. Ofisi huzituma kwa kampuni ya gesi au umeme, nanyi mtaziona kwenye bili kama malipo yaliyoingia. Lakini hazitoshi msimu mzima. Wengi huomba Novemba, wakaacha kulipa wakingoja jibu, msaada ukifika Januari unamezwa wote na deni. Mwaka 2025 serikali kuu ilifungwa tangu Oktoba 1 hadi Novemba 12 na fedha za majimbo zikachelewa. Waliokuwa wakilipa angalau kidogo kidogo walipona. Endeleeni kulipa mnachoweza.

Kuhusu kipato, sheria inaruhusu jimbo kuweka kikomo hadi asilimia 150 ya kiwango rasmi cha umaskini au asilimia 60 ya kipato cha kati cha jimbo, lolote lililo kubwa zaidi. Kwa viwango vya 2025, ile asilimia 150 kwa kaya ya watu sita ni dola 64,725 kwa mwaka. Wanahesabu mshahara kabla ya makato, si kile kinachoingia benki, na hapo wengi hujidanganya. Kama mumeo alifanya ovataimu nyingi mwezi uliopita, uliza kama wanaweza kutumia kipato cha miezi 12 badala ya siku 30. Tofauti hiyo peke yake inaweza kuwaingiza au kuwatoa. Na usijitoe mwenyewe kwa kukadiria. Acha ofisi ndiyo ikatae.

Piga 211, namba ya simu ya kuulizia huduma za jamii, sema unataka kuomba LIHEAP, watakuelekeza kwa shirika la jamii linalohudumia kaunti yenu. Iowa hufungua maombi Oktoba 1 kwa wazee wa miaka 60 na zaidi na wenye ulemavu, Novemba 1 kwa wengine, na hufunga Aprili 30. Omba mkalimani wa Kiswahili. Ofisi inayopokea fedha za serikali kuu inapaswa kukupa bure, kwa msingi wa Sheria ya Haki za Kiraia ya 1964. Mtoto wa darasa la tano asitumwe kutafsiri maswali ya mshahara wa baba yake.

Beba vitambulisho vya watu wazima, namba za Social Security za wote wakiwemo watoto, mkataba wa nyumba, bili ya karibuni ya gesi na ya umeme, na hati za mshahara za kipindi chote wanachotaka. Wakitaka wiki nne na ukapeleka tatu, fomu inakaa. Sababu nyingine mbili hurudisha maombi mara kwa mara. Ya kwanza ni akaunti ya gesi kuwa kwa jina la shemeji aliyehama, na hiyo irekebishe kwa kampuni kabla hujaomba. Ya pili inakuhusu wewe: mtu mzima asiye na kipato hutakiwa kusaini tamko kwamba hana, na wengi huacha nafasi hiyo tupu wakidhani utupu unajieleza. Kisha fungua kila bahasha inayotoka ofisini. Barua ya kudai karatasi iliyopungua huwa na tarehe ya mwisho, na ikipita mnaanza upya.

Jambo moja zuri la Iowa: kaya iliyokubaliwa LIHEAP haikatiwi gesi wala umeme kuanzia Novemba 1 hadi Aprili 1. Deni hata hivyo linaendelea kukua chini kwa chini, na mwezi wa Aprili ndio mafundi wa kukata huzunguka. Pangeni na kampuni mwezi Machi, msingoje.

Nimeletewa ilani ya kukatiwa gesi, nadaiwa dola 900. Nina siku chache tu. Kipato changu ni dola 2,000 kwa mwezi.
*Kaka wa Columbus, Ohio*

Hiyo ilani usiitupe kwa hasira. Ndiyo karatasi itakayokupeleka kwenye dirisha la dharura, na bila hiyo utapangwa foleni ya kawaida. Leo hii fanya simu mbili. Ya kwanza kwa kampuni ya gesi: waambie unaomba msaada wa dharura, uliza kama watasimamisha kukata, andika jina la aliyekujibu na saa. Ya pili kwa shirika la msaada wa nishati la kaunti yako, uombe miadi ya mpango wa dharura wa majira ya baridi, ambao Ohio huendesha Novemba 1 hadi Machi 31. Sheria ya LIHEAP inataka kaya inayostahili na iliyo kwenye dharura ipate msaada wa aina fulani ndani ya saa 48 baada ya kuomba, na saa 18 pale maisha yanapokuwa hatarini. Ukiwa na mtoto mchanga, mgonjwa, au mashine ya kupumulia inayotumia umeme, sema mwanzoni kabisa mwa mazungumzo.

Ukishazima moto huo, omba PIPP. Ni mpango wa Ohio kwa kaya zisizozidi asilimia 175 ya kiwango cha umaskini, na kwa maoni yetu una manufaa kuliko malipo ya mara moja. Unalipa asilimia 5 ya kipato kwa gesi na asilimia 5 kwa umeme (nyumba inayopashwa joto kwa umeme pekee hulipa asilimia 10). Kwa dola zako 2,000 ni dola 100 kwa gesi kila mwezi, Januari na Julai sawasawa. Ukilipa kamili na kwa tarehe, kiasi cha bili ya mwezi huo kilichozidi dola 100 kinafutwa, na pia sehemu moja kati ya 24 ya deni la zamani. Kwa deni la 900 ni dola 37.50 kila mwezi, na baada ya malipo 24 ya wakati limekwisha. Ukichelewa, mwezi huo hufutiwi kitu. Kila mwaka unathibitisha kipato upya. Wanaosahau huondolewa, na bili kamili inarudi. PIPP ni ya wateja wa kampuni zinazosimamiwa na tume ya jimbo, basi kama umeme wako ni wa manispaa au wa ushirika, uliza kwanza.

Tunatumia mafuta. Tangi linaonyesha robo, na miadi ya ofisi ni wiki tatu mbele. Tufanyeje?
*Familia ya Lewiston, Maine*

Pigeni tena simu na mtaje kipimo chenyewe. Maine huhesabu robo tangi au pungufu, kwa tangi la kawaida la galoni 275, kuwa dharura. Msiseme "yanakaribia kuisha", semeni "robo". Kipimo ni ile bomba ndogo ya plastiki juu ya tangi yenye kiboya ndani. Kigongeni kidogo kwa kidole kabla ya kusoma, maana kiboya huganda. Uliza pia muuzaji yupi ana mkataba na mpango, kwa sababu ofisi haimlipi muuzaji asiye na mkataba, hata kama bei yake ni nafuu.

Msiache tangi likauke. Likikauka, hewa na uchafu wa chini huingia kwenye bomba, na hata mafuta yakiletwa boila huenda isiwake mpaka fundi atoe hewa, kwa malipo yenu. Usiku wa dharura, dizeli ya kituo cha mafuta hufanya kazi kwenye boila ya mafuta ya nyumbani: leteni galoni tano katika dumu safi, mimineni kwenye tangi, subirini dakika kama kumi uchafu utulie, kisha bonyezeni kitufe chekundu cha boila mara moja. Mara moja tu. Kila mkibonyeza bila kuwaka, mafuta mabichi yanamwagika kwenye chumba cha moto. Petroli kamwe.

Kama wapo wenzenu walioomba hifadhi ambao bado hawajapewa, LIHEAP haiwahusu kwa kawaida. Waende ofisi ya mji kuulizia msaada wa jumla wa manispaa.

Joto limo ndani ya kodi ya nyumba. Naweza kuomba?
*Msomaji, Syracuse, New York*

Ndiyo, ila kiasi huwa kidogo. Peleka mkataba unaoandika wazi kwamba joto limo katika kodi.

Nina grini kadi ya miaka miwili. Nimeambiwa lazima nisubiri mitano, na kwamba nikiomba nitaharibu uraia wangu.
*Dada wa Dayton, Ohio*

Ile miaka mitano inahusu misaada kama SNAP (msaada wa chakula) na Medicaid (bima ya afya ya wenye kipato kidogo), LIHEAP haimo. Wenye grini kadi, wakimbizi na waliopewa hifadhi wanaruhusiwa kama kipato kinafaa. Ombi la uraia halina kipimo cha "mzigo kwa serikali", yaani kuangalia kama mtu atategemea misaada. Kipimo hicho kinamhusu anayeomba grini kadi, na wakimbizi na waliopewa hifadhi wamesamehewa kisheria. Kwa kanuni ya 2022 LIHEAP haihesabiwi, lakini mwishoni mwa 2025 serikali ilipendekeza kuifuta kanuni hiyo. Kwa hiyo kama mumeo au ndugu yako unayeishi naye ana ombi la grini kadi linalongoja, muulizeni mwanasheria wa uhamiaji kwanza. Waliopoteza SNAP kwa sheria ya Julai 2025 bado wanaweza kuomba LIHEAP, ila sasa wataonyesha hati za mshahara badala ya barua ya SNAP.

Tumepata msaada, lakini bili ya umeme bado ni kubwa ajabu. Watoto wanalala na baridi, nimefikiria kuingiza jiko la mkaa chumbani.
*Baba wa Pittsburgh, Pennsylvania*

Jiko usiingize, hata dirisha likiwa wazi. Mkaa hutoa kaboni monoksidi, haina harufu, na aliyelala haamki. Oveni ya gesi pia isitumike kupasha nyumba.

Kisha kaangalie thermostati. Kama mna pampu ya joto (mashine ya umeme inayovuta joto kutoka nje) na imewekwa EM HEAT, yaani joto la dharura, hapo ndipo pesa zinapopotelea: mashine ya nje imezimwa na nyumba inapashwa kwa koili za umeme tupu, zinazoweza kula umeme mara mbili au tatu. Rudisha HEAT. Neno AUX (joto la ziada) likitokea lenyewe siku ya baridi kali, liache, ni kawaida. Weka nyuzi 68 za Fahrenheit, na ujue kwamba kupandisha hadi 80 hakuharakishi joto. Uliza pia ofisi ileile kuhusu mpango wa kuziba nyumba: hupima upepo unaovuja kwa feni inayofungwa mlangoni, huziba nyufa na kuweka sufi darini, bure. Mpangaji anahitaji ruhusa ya mwenye nyumba.

Mwisho, tazama kwenye bili jina la anayekuuzia umeme. Pennsylvania inaruhusu wauzaji wengine, na baadhi hugonga milango wakiomba "kuangalia bili tu". Wanachotaka ni namba ya akaunti. Ukikuta jina usilolijua na bei inayopanda kila mwezi, piga simu kampuni inayoleta umeme, omba kurudishwa kwenye bei yao ya kawaida, na uulize kama mkataba wa yule muuzaji una faini ya kujitoa.