Kwa mnaoanza uigizaji: mtazameni Matti Pellonpää

Karibu kila chipukizi anayekuja mazoezini kwetu anataka kujua lini atapewa nafasi ya mhusika mkuu. Simlaumu, njaa hiyo ni ya kawaida. Ila mimi riziki yangu imetoka kwenye nafasi za pembeni: mwenye nyumba anayedai kodi, askari wa zamu, mjomba aliyefika msibani na maneno mawili matatu. Ninapotaka kuwaonyesha wadogo zangu kwamba nafasi hizo zina ufundi wake, nawawekea filamu za mwigizaji wa Finland anayeitwa Matti Pellonpää. Wengi hawajawahi kumsikia. Baada ya muda wanamtaja kwa jina kama mtu wa mtaani kwao.

Alizaliwa Helsinki Machi 28, 1951. Mwaka 1962, akiwa bado mtoto, alishaanza kuigiza michezo ya redio katika YLE, shirika la utangazaji la Finland. Akapitia vikundi vya maigizo vya kujitolea, halafu akasomea uigizaji na kuhitimu mwaka 1977. Filamu zilizompa jina zilikuja alipokuwa ameshavuka miaka thelathini. Hebu angalia mpangilio huo: sauti kwanza, jukwaa likafuata, kamera mwisho. Kwa hiyo ukiitwa kuingiza sauti ya Kiswahili kwenye tamthilia ya Kituruki, au kusoma nafasi ndogo katika mchezo wa redio, usione umeshushwa. Kipaza sauti hakijali sura yako wala nguo zako. Kinakulazimisha ujue kila sentensi unamwambia nani na unataka nini kwake.

Matunda ya shule hiyo yanaonekana katika Night on Earth ya mwaka 1991, filamu ya Mmarekani Jim Jarmusch inayofuata teksi tano katika miji mitano, usiku mmoja. Teksi ya mwisho iko Helsinki. Nje ni theluji, na dereva, Mika, ni Pellonpää. Anapakia wanaume watatu waliolewa. Mmoja wao hajitambui kabisa, na wenzake wanasimulia mikosi iliyomkuta siku hiyo: kafukuzwa kazi, na nyumbani nako mambo yameharibika. Mika anasikiliza, kisha anawaambia yapo makubwa kuliko hayo. Anaanza kuwasimulia habari za mtoto wake aliyezaliwa kabla ya wakati.

Hapo ndipo ninaposimamisha na kurudisha nyuma, tena na tena. Simulizi ni ndefu, mtu kakaa kwenye kiti cha dereva, hana pa kuinuka wala pa kutembea. Mwigizaji mwingine angetafuta machozi. Pellonpää halii. Anasimulia kama mtu aliyekwisha kulia zamani, na sasa anachotaka ni abiria waelewe tu ilivyotokea: madaktari walisema nini, yeye aliamua nini moyoni, mkewe alimwambia nini. Sauti haipandi. Anatua pale ambapo mtu hutua akikumbuka, hata kama sentensi haijaisha. Wanaolia ni wale walevi waliokuwa wakijigamba kwa mikosi ya mwenzao, na mtazamaji analia pamoja nao. Mwigizaji akiyamaliza machozi yote mwenyewe, mtazamaji hubaki akimtazama tu.

Wapo wanaosema uso wake haufanyi kitu, kwamba alibarikiwa tu masharubu yaliyoinama na macho ya huzuni, kazi nyingine ikafanywa na kamera. Nakataa kabisa. Aki Kaurismäki, mwongozaji aliyefanya naye filamu nyingi, anajulikana kwa kupenda kuchukua shoti ya kwanza na kuendelea mbele, bila mazoezi marefu. Mwongozaji wa namna hiyo hakupi muda wa kumtafuta mhusika ukiwa seti. Lazima ufike naye ukiwa umeshamjua nyumbani: anavyosimama, anavyovuta sigara, anavyomtazama mtu anayempenda na kushindwa kusema.

Mtazameni kama Nikander, mzoa taka katika Varjoja paratiisissa, filamu ya Kaurismäki ya mwaka 1986. Nikander anampenda Ilona, keshia wa supamaketi, anayeigizwa na Kati Outinen. Anapofanikiwa kumtoa mara ya kwanza, anampeleka kwenye ukumbi wa bingo. Ilona anaboreka. Sasa fikiri ungeichezaje wewe. Najua wengi mngemfanya Nikander mshamba wa kuchekwa, mkaongeza jicho moja kwa mtazamaji ili ajue kwamba ninyi wenyewe si washamba. Pellonpää anaingia ukumbini kama mtu aliyechagua mahali pazuri kwa heshima zote, kavaa vizuri, anaamini jioni itakwenda sawa. Hamcheki mzoa taka wake, wala hamwonei huruma kutoka juu. Kwa sababu hiyo tunacheka, na papo hapo tunaumia.

Hili ndilo ningependa mlishike kuliko yote: mheshimu mtu unayemwigiza, hasa akiwa mtu mdogo. Na akiwa mbaya pia. Katika Leningrad Cowboys Go America ya mwaka 1989, Pellonpää ni Vladimir, meneja mnyonyaji anayeizungusha bendi Marekani huku akiwalisha wanamuziki vitunguu vibichi na yeye bia zake anazo. Hakuna hata mara moja anapotuonyesha kwamba anajua yeye ni mnyonyaji. Kwake yeye huo ni uongozi wa kawaida. Ukimpa mhusika mbaya kicheko cha ubaya, umeshamhukumu kabla ya watazamaji, na kesi imeisha.

Kuhusu lugha nitasema kwa kifupi. Mwaka 1992 aliigiza kama Rodolfo, mchoraji Mwalbania asiye na kibali cha kuishi Paris, katika La vie de bohème. Filamu nzima ni ya Kifaransa, na Pellonpää hakuwa msemaji wa Kifaransa. Alijifunza mistari yake kwa kusikiliza, sauti kwa sauti. Mwaka huohuo tuzo ya mwigizaji bora wa Ulaya ikawa yake. Kwa hiyo ukiletewa mswada wa lafudhi ya Mombasa nawe umekulia Mwanza, tafuta mtu wa huko, keti naye, sikiliza anavyovuta maneno, kisha fanya kazi.

Jambo la kikundi linahitaji nafasi zaidi, kwa sababu naona vijana wengi wanakihama kikundi mara tu wakipata tangazo moja la televisheni. Katika filamu za Kaurismäki sura ni zilezile miaka nenda rudi: Pellonpää, Outinen, Sakari Kuosmanen, Esko Nikkari, Kari Väänänen. Leo mtu ni mhusika mkuu, kesho anapita tu na tarumbeta. Hata abiria wawili wa ile teksi ya Jarmusch ni Kuosmanen na Väänänen. Watu wanaojuana hivyo hawahitaji kuelezana kila kitu. Mmoja akinyamaza, mwingine anajua kimya hicho kina maana gani.

Pellonpää alifariki Julai 1995 mjini Vaasa kwa mshtuko wa moyo, akiwa na miaka 44. Kaurismäki alikuwa amemwandikia nafasi kubwa katika filamu ya Kauas pilvet karkaavat. Ilibidi mswada ubadilishwe, na uzito ukahamia kwa Outinen, aliyeubeba. Filamu ilitoka mwaka 1996, na ndani yake kuna picha ya mtoto aliyefariki wa wanandoa wakuu wa hadithi: ni picha ya Pellonpää mwenyewe utotoni. Miaka sita baadaye Outinen alitunukiwa tuzo ya mwigizaji bora wa kike Cannes, kisha akawa profesa wa uigizaji Helsinki. Alichojengewa na kikundi hakikupotea.

Kazi ya wiki hii: tafuteni sehemu ya Helsinki katika Night on Earth. Mara ya kwanza lazeni simu kifudifudi, msikilize sauti tu, hata kama Kifini hamkielewi, na muandike kila anapotua. Mara ya pili zimeni sauti, mfuate macho yake tu: lini yako barabarani, lini yanakwenda kwenye kioo kuwatafuta abiria. Kisha kila mmoja achague msiba wa mtu anayemfahamu, aombe ruhusa yake, aje kuusimulia akiwa amekaa kwenye kiti. Mikono iwe kwenye usukani wa kufikirika, na sauti isipande.